Mbele ya kusinya mkopo wa nyumba, tuhesabu

Wandugu, tuambizane ukweli. Mtu akikopa dola 20.000 ya nyumba kwa miaka 10, riba 15% kwa mwaka, kila mwezi atalipa karibu dola 323. Unaweza kusema: nitaweza. Lakini zidisha mara 120: inapita dola 38.700, bado pesa ya dosye. Tena mwezi wa kwanza, dola 250 ni riba. Zenye kupunguza deni ni 73 tu. Kazi ikiisha katikati, nyumba inaweza kuuzwa.

Tunadai banki zionyeshe hesabu yote kwa maandishi, kwa luga mtu anasikia, mbele asinye. Na weye, usione haya kuuliza: "Mpaka mwisho, nitalipa ngapi?"