MGONJWA WA KITOMANGA SI MJINGA

Ndugu wanachama, tumechoka na neno hili "mjinga". Mzee wa Kitomanga akikataa vidonge vya matende na mabusha, papo hapo huitwa mjinga, na anayemwita hivyo ni kijana wa juzi aliyesomeshwa kwa kodi ya mzee huyo huyo!

Twauliza: shaka hiyo ilitoka wapi? Mwaka 2011 maelfu walikwenda Samunge, Loliondo, kunywa kikombe cha Babu kwa shilingi 500, mawaziri wakiwamo. Nani aliwaita wajinga? Mwaka 2020 wakubwa walituambia tujifukize nyungu, Korona imekwisha. Tarehe 28 Julai 2021 Rais akachanjwa hadharani, na sisi tukatakiwa tufuate. Mtu aliyezungushwa hivyo ana haki ya kuuliza.

Lakini kuuliza si kukataa, na hapa hatumbembelezi mtu. Mabusha hayaletwi na madafu. Huletwa na minyoo midogo inayoenezwa na mbu. Vidonge huua watoto wa minyoo walio katika damu, ila minyoo mikubwa huishi miaka kadhaa, ndiyo maana humezwa mwaka baada ya mwaka. Tena mwenye minyoo mingi ndiye apatwaye na homa na kuwashwa akimeza, kwa kuwa minyoo inakufa mwilini. Jirani akimwona atasema ametiliwa sumu. Nani alimweleza mapema? Mgawaji amefika, amempima urefu kwa fimbo, ameandika daftarini, huyo amekwenda zake!

Na busha lililokwisha kukua haliondoki kwa vidonge. Dawa yake ni kupasuliwa. Mwanamume amelificha msulini miaka kumi kwa aibu. Siku anapojikaza kufika hospitali, anakemewa mbele ya watu: "Ulikuwa wapi siku zote?" Harudi tena, wala mwenzake aliyekuwa akingoja habari haji. Ukali huo ni wa bwana shauri, nasi tulidhani uliondoka naye mwaka 1961.

Waganga wa kienyeji nao wasicheke. Sheria namba 23 ya mwaka 2002 inawatambua. Anayemshikilia mgonjwa mpaka mguu unaoza, ili ale kuku wake, hatutamtetea.

Ikija dawa yo yote tena, matawi yetu yadai mkutano kwanza. Daktari akae barazani, aulizwe mpaka watu wachoke, ndipo vidonge vifunguliwe.