Kichomi kisichopoa: maji ya kifuani hayakaushwi kwa kubadilisha vidonge

Ukipita Mama Ngina jioni yoyote, kati ya wauza mihogo na madafu, hukosi kusikia mtu akikohoa, na hukosi kusikia sababu zake: ni upepo wa bahari, ni baridi ya kusi, ni maji ya barafu. Upepo wetu umesingiziwa mengi. Nimonia huletwa na vijidudu, hasa bakteria, na mara nyingine huzua jambo ambalo watu wengi hawalijui: maji yanayojikusanya ndani ya kifua, nje ya pafu.

Leo nataka tuzungumzie maji hayo. Maoni yangu ni kwamba wagonjwa wengi hawaumii kwa kukosa dawa. Wanaumia kwa kubadilishiwa dawa mara tatu au nne bila yeyote kuuliza kama kifuani mna maji.

Pafu limezungukwa na tando mbili nyembamba. Moja imelishika pafu lenyewe, ya pili imeshika mbavu kwa ndani. Kati yake mna majimaji kidogo tu, vijiko viwili vitatu vya chai, ya kuzilainisha ziteleze tunapovuta pumzi. Nimonia ikiziwasha tando hizo, mgonjwa huchomwa ubavuni kila apumuapo. Wazee wetu hawakukosea walipouita ugonjwa huu kichomi. Utando uliowaka huvuja maji. Katika kila wagonjwa kumi wanaolazwa kwa nimonia ya bakteria, hadi wanne huwa na maji hayo. Kwa wengi ni kidogo, nayo hukauka yenyewe dawa ikifanya kazi.

Balaa ni pale bakteria wanapoingia ndani ya maji. Siku za mwanzo huwa mepesi, yakitolewa kwa sindano mambo yamekwisha. Baada ya siku chache huwa mazito na kujigawa vyumba vyumba mfano wa sega la asali, na hapo huhitaji mpira wa kuyatoa. Yakiachwa majuma kadhaa, usaha huota gamba gumu linalolibana pafu lisifunguke, na mgonjwa huhitaji kisu cha mpasuaji. Usipoziba ufa utajenga ukuta.

Siku hizo hupoteaje? Chukua mfano wa mchukuzi wa mizigo ambaye hawezi kukosa kibarua hata siku moja. Anapata homa na kichomi, anapita duka la dawa na kununua vidonge vichache. Akipata nafuu kidogo anaviacha. Homa ikirudi ananunua vya rangi nyingine. Juma la tatu hawezi kupanda ngazi, halali ila kwa ubavu mmoja, na nguo zimeanza kumpwaya. Dawa husafirishwa na damu, na ndani ya usaha hamna mishipa ya damu. Hata dawa kali haiwezi kuumaliza usaha ambao haujatolewa.

Kwa hivyo, msomaji, shika kanuni hii: mgonjwa wa nimonia aliyemeza dawa sahihi anapaswa kuonyesha nafuu ndani ya siku mbili au tatu. Kama homa bado inapanda, pumzi ni fupi, au kichomi kimegeuka uzito upande mmoja wa kifua, usiende kununua vidonge vingine. Rudi hospitali ukapimwe upya. Mtoto anayepumua mbio, au ambaye kifua kinabonyea chini ya mbavu anapovuta pumzi, asingojeshwe hata siku moja.

Daktari au tabibu atakugonga mgongoni kwa vidole. Penye hewa hulia kama ngoma, penye maji hulia kama mtungi uliojaa. Kisha ataomba picha ya eksirei. Eksirei ya kusimama huonyesha maji yakifikia kama mililita 200. Altrasaundi huona hata yaliyo machache kuliko hayo, na huonyesha pa kupitisha sindano.

Hapo ndipo familia nyingi hukataa. Nimesikia mara nyingi kwamba fulani alitolewa maji, akafa. Ukweli ni kwamba wengi wa hao waliletwa wakiwa wamekwisha dhoofika, na sindano ikabeba lawama ya ucheleweshaji. Sehemu hutiwa ganzi, na sindano hupita juu ya ukingo wa ubavu ili kuikwepa mishipa. Hatari haikosekani, kwa mfano hewa kuingia kifuani, lakini ni ndogo, na altrasaundi huipunguza zaidi.

Hofu yenyewe ina historia. Mwaka 1918, mafua makubwa yalipoenea duniani, askari wengi katika kambi za Marekani walipata usaha kifuani. Waliopasuliwa mapema na kuachwa na jeraha wazi walikufa kwa wingi. Madaktari wa jeshi walipoanza kutumia mpira uliozibwa hewa isiingie, vifo vilipungua sana. Mpira unaoishia ndani ya chupa yenye maji, unaoonekana wodini hadi leo, unafuata kanuni hiyo hiyo.

Maji yakitolewa, yapimwe. Yakiwa usaha, au asidi yake ikiwa chini ya kipimo cha 7.2, au sukari yake ikiwa imeshuka sana, mpira hauna mjadala. Yapimwe pia kifua kikuu. Hapa kwetu maji ya kifuani mara nyingi huletwa na kifua kikuu, na kwa sababu hiyo baadhi yetu tumezoea kumwandikia kila mwenye maji dawa za miezi sita bila kuyatazama. Mwenye usaha wa nimonia akipewa dawa hizo, gamba linazidi kukomaa. Mwenye kifua kikuu akitibiwa nimonia, anapoteza majuma na kuambukiza jamaa zake. Wote wawili wanaweza kuwa na homa, kikohozi na kukonda, na tofauti yao huonekana ndani ya bomba la sindano.

Rai yangu kwa wenzangu ni kwamba dawa za kifua kikuu zisianzishwe kwa mwenye maji ambayo yangeweza kutolewa na hayakutolewa. Kwa wanaopanga bajeti za afya, mashine ndogo ya altrasaundi na tabibu aliyefunzwa kuitumia viwe karibu na kila wodi inayolaza wagonjwa wa nimonia. Gharama yake ni ndogo kuliko ya upasuaji wa kubandua gamba.

Na kwa wazazi, chanjo. Kenya ilianza kuwachanja watoto dhidi ya bakteria aina ya nyumokoka mwaka 2011. Kwa jirani zetu wa Kilifi, watafiti walikuta kwamba maradhi makali yatokanayo na aina zilizomo katika chanjo hiyo yalipungua kwa zaidi ya asilimia 90 miongoni mwa watoto chini ya miaka mitano. Hakikisha kadi ya mwanao imejazwa.

Aliye na mgonjwa nyumbani ahesabu siku tangu dawa ya kwanza. Zikitimia tatu bila nafuu, aulize swali moja: je, kifuani mna maji?