JIKONI KWETU: Pierogi, Chakula cha Akina Mama wa Poland



Wale mliopita Tengeru, karibu na Arusha, huenda mmeyaona makaburi ya Wapolandi. Kuanzia mwaka 1942 waliletwa pale wakimbizi wapatao 5,000, wengi wao akina mama na watoto. Walikuwa wametolewa makwao kwa nguvu na Wasovieti mwaka 1940 na 1941, wakapelekwa Siberia na Kazakhstan, ambako wengi walikufa kwa njaa na magonjwa. Waliosalia walipitia Iran hadi kufika huku kwetu. Kwa kuwakumbuka akina mama wale, mwezi huu tujifunze chakula cha kwao kiitwacho pierogi.

Pierogi hujazwa kama sambusa, ila zina umbo la nusu mwezi na kwa kawaida huchemshwa. Kwa hiyo hazili mafuta mengi. Usiku wa tarehe 24 Desemba Wapolandi hula zisizo na nyama, za kabichi iliyochachushwa na uyoga, na mezani huacha nafasi moja kwa ajili ya mgeni asiyetarajiwa. Sisi tutapika za viazi na jibini.

Mahitaji: unga wa ngano nusu kilo, maji ya moto robo lita, mafuta vijiko 2 vya chakula, viazi nusu kilo, jibini laini gramu 250, vitunguu 2, siagi, chumvi na pilipili manga.

Jibini tunatengeneza wenyewe. Pasha lita 2 za maziwa ya mgando kwa moto mdogo bila kuyachemsha, hadi mabonge yatengane na maji, kisha kamua kwa kitambaa safi. Sisi wauguzi tunawasihi: mgando huo utokane na maziwa yaliyochemshwa kwanza. Maziwa mabichi huweza kuleta brusela na kifua kikuu.

Changanya unga, chumvi na mafuta. Mimina maji ya moto kidogo kidogo ukikoroga kwa mwiko, halafu kanda hadi ulainike. Funika nusu saa. Chemsha viazi, mwaga maji yote, viponde vikiwa vya moto. Kaanga kitunguu kimoja, changanya na viazi, jibini, chumvi na pilipili manga, uache vipoe kabisa.

Sukuma unga uwe mwembamba kuliko chapati, kata miduara kwa mdomo wa glasi. Weka kijiko cha chai cha mchanganyiko katikati, kunja, bana kingo kwa vidole. Chemsha maji mengi yenye chumvi, tia chache chache. Zikielea, ngoja dakika 2 au 3, uzitoe. Kaanga kitunguu cha pili kwa siagi, umwagie juu.

Mara ya kwanza nyumbani kwetu nusu ya sufuria ilifunguka ikawa uji. Tulikuwa tumejaza mno, kingo zikashika mchanganyiko, na maji yalitokota kwa nguvu. Jumamosi iliyofuata tukamwita binti yetu wa kidato cha pili atusaidie kubana. Alikuwa amerudi likizo na matokeo mabaya, tukamgombeza mbele ya wadogo zake, na kwa siku 4 hakutusemesha ila kwa salamu.

Tulibana kimya. Tulipofika kama ya ishirini akasema, "Mama, hii yako haijafunga." Tukacheka wote. Baadaye, macho yake yakiwa kwenye unga, akasema kwamba tangu muhula uanze haoni vizuri ubaoni, na aliogopa kusema kwa sababu miwani ni ghali. Sisi tunaopima wagonjwa kila siku hatukuwa tumeona la nyumbani mwetu! Tulimwomba radhi palepale, na Jumatatu tukampeleka kupimwa macho. Sasa ana miwani.

Akina mama, pierogi ni kazi ya mikono mingi; mtu mmoja huchoka. Basi usimfukuze mtoto jikoni kwa kuwa anachafua. Mpe unga abane, nawe fanya kazi yako bila kumhoji. Huenda analo jambo ambalo hajapata pa kulisemea.

Mungu abariki mikono yenu. Tukutane tena mwezi ujao.