Kabla ya kuandika "ajali"

Kijana anafikishwa hospitali ya wilaya usiku akiwa hajitambui, ananuka dawa ya kuulia wadudu wa shambani. Ndugu waliomleta wanasema alidhani ni soda. Daktari na wauguzi wanapambana naye mpaka alfajiri. Kinachofuata, apone au afariki, ni faili kupelekwa kwa mtunza kumbukumbu, na hapo ndipo linapozuka swali ambalo matibabu hayakulingoja: sumu hiyo iliingiaje mwilini?

Jibu lake huandikwa kwa msimbo. Katika toleo la kumi la uainishaji wa kimataifa wa magonjwa, unaosimamiwa na Shirika la Afya Duniani (WHO), sumu ya viuatilifu iliyomwingia mtu kwa bahati mbaya ni X48. Akiinywa kwa kukusudia kujidhuru ni X68. Akipewa na mwingine ili kumdhuru ni X87. Upo pia msimbo wa nne, Y18, kwa ajili ya tukio ambalo taarifa zilizopo hazimwezeshi daktari wala mamlaka ya kisheria kusema ni lipi kati ya hayo matatu. Mwili ni uleule na sumu ni ileile, lakini takwimu za nchi zitasimulia habari nne tofauti.

Y18 iko katika kundi linaloanzia Y10 hadi Y34, la matukio ambayo kusudio lake halikuthibitika. Humo mna kuzama majini, kuungua na kupigwa risasi. Y30 ni ya mtu aliyeanguka, aliyeruka au aliyesukumwa kutoka mahali pa juu. Kundi hili liliingizwa katika toleo la nane, lililoanza kutumika mwaka 1968, kwa sababu ya msingi: zipo nyakati ambapo mchunguzi amefanya kila lililowezekana na bado hawezi kuapa.

Hilo ni jambo la heshima. Tatizo huanza pale "nimechunguza, haikubainika" inapochanganywa na "sikuuliza".

Marekani wameushughulikia mkanganyiko huo kwa kanuni ambayo nayo imeleta shida yake. Mwongozo wao wa misimbo ya hospitali unaelekeza kwamba kusudio lisipoandikwa kwenye faili, tukio liwekwe kuwa ajali. Msimbo wa kutobainika utumike tu pale daktari alipoandika wazi kwamba kusudio halikuweza kubainika. Watafiti waliopitia mafaili ya majeruhi wa risasi huko wamekuta watu wengi waliopigwa risasi na wenzao wamehesabiwa kama waliopata ajali. Ukimya wa daktari umegeuzwa kuwa jibu, na jibu lenyewe si la kweli.

England na Wales wamechukua njia nyingine. Ofisi yao ya takwimu, inapohesabu watu waliojiua, huwajumuisha watu wa miaka 15 na zaidi ambao kusudio la vifo vyao halikubainika, kwa kuamini kwamba wengi wao walijiua. Mwaka 2018 mahakama huko ilishusha kiwango cha ushahidi kinachotakiwa ili kifo kitamkwe kuwa cha kujiua: badala ya kuthibitisha pasipo shaka, inatosha kuonekana kuwa ndilo linaloelekea zaidi kuwa kweli. Mahakama ya Juu ililithibitisha hilo mwaka 2020.

Kwetu Afrika Mashariki, kuna kikwazo kilicho kizito kuliko kanuni za misimbo, nacho ni hofu. Nchini Tanzania, kifungu cha 217 cha Kanuni ya Adhabu kinalifanya jaribio la kujiua kuwa kosa la jinai. Familia inayojua kwamba ukweli unaweza kumpeleka mgonjwa wao polisi itasema ni soda. Mke aliyesukumwa na mumewe atasema aliteleza, maana jioni anarudi nyumba ileile. Daktari naye, akimhurumia mtu aliyekwisha kuumia, ataandika neno lisilomletea mtu matata. Huruma hiyo inaeleweka, lakini inamwacha mgonjwa bila mshauri wa afya ya akili na inamrudisha mke mikononi mwa aliyemdhuru.

Hasara yake haiishii kwa mtu mmoja. Sri Lanka ilijua kwamba viuatilifu ndivyo vilivyokuwa vikiwaua watu wake wengi waliokata tamaa, ikapiga marufuku vile vikali zaidi, hatua kwa hatua, hasa tangu katikati ya miaka ya 1990. Katika miaka 20 iliyofuata, kiwango cha watu kujiua kilishuka kwa zaidi ya asilimia 70. Nchi inayoandika vifo kama hivyo "ajali" itahimiza wakulima wafunge vizuri chupa zao, na haitajua kwamba ilipaswa kuondoa sumu hiyo madukani.

Kenya imekwisha kupiga hatua. Tarehe 9 Januari 2025, Jaji Lawrence Mugambi wa Mahakama Kuu alitamka kwamba kifungu cha 226 cha Kanuni ya Adhabu, kilichotishia kifungo cha hadi miaka miwili kwa aliyejaribu kujiua, kinakwenda kinyume na Katiba. Bunge la Tanzania halina sababu ya kusubiri kesi kama hiyo. Likifute kifungu cha 217, ili mgonjwa aweze kusema ukweli mbele ya daktari wake.

Hospitali nazo zisingoje Bunge. Daktari amwulize majeruhi faraghani, mbali na waliomleta, kisha aandike maneno yake kwenye faili: nani alikuwepo, nini kilitangulia, nini hakijulikani. Mtunza kumbukumbu anapokuta pengo, awe na ruhusa ya kurudisha faili kwa daktari badala ya kubahatisha. Na polisi wakimaliza uchunguzi, matokeo yarudi hospitali na msimbo usahihishwe. Y10 hadi Y34 zibaki kwa wale tuliowauliza kwa dhati na jibu likakosekana. Wengine wote wanatudai swali ambalo hatujawauliza, na Wizara ya Afya ina uwezo wa kuagiza waulizwe kuanzia mwaka huu.