Kombe Lisilo na Jina: Kiswahili na Kipute cha Mtoano Nchini Kenya

Tarehe 29 Juni 2025, katika uwanja wa Ulinzi Sports Complex mtaani Lang'ata, klabu ya Nairobi United iliilaza Gor Mahia mabao 2-1 katika fainali ya kombe la mtoano la soka nchini Kenya. Ushindi huo haukuwa wa kawaida. Msimu huo Nairobi United ilikuwa ikisakata gozi katika daraja la pili, ilhali Gor Mahia ni klabu iliyoasisiwa mwaka 1968 na yenye historia ndefu ya mataji. Klabu hiyo changa ilipanda Ligi Kuu, ikapata tikiti ya kuiwakilisha Kenya katika Kombe la Shirikisho la Afrika, ikaiondoa NEC ya Uganda, na Oktoba 2025 ikaibandua Étoile du Sahel ya Tunisia kwa mikwaju ya penalti na kuingia hatua ya makundi. Hiyo ndiyo tunu ya mashindano ya mtoano: mnyonge hupewa dakika tisini za kumkabili mwenye nguvu, naye akishinda, hakuna jedwali la pointi la kumnyang'anya ushindi wake.

Hata hivyo, swali jepesi linazua utata. Je, Nairobi United ilishinda kombe gani? Rekodi za mwaka 2025 zitajibu kwamba ilishinda Mozzart Bet Cup. AFC Leopards iliposhinda mwaka 2017, kombe lilikuwa GOtv Shield. Kariobangi Sharks iliposhinda mwaka 2018, na Bandari mwaka 2019, lilikuwa SportPesa Shield. Gor Mahia ilipoishinda AFC Leopards kwa penalti katika fainali ya mwaka 2021, lilikuwa Betway Cup. Majina manne katika kipindi cha miaka minane, na yote ni ya mashindano yaleyale. Kabla ya hapo palikuwa na Kombe la Rais, na kabla yake Moi Golden Cup. Jambo linalojitokeza ni kwamba Kenya ina kombe la taifa, lakini kombe lenyewe halina jina. Lina anwani ya mpangaji tu, na mpangaji akihama, anwani inabadilika.

Makala haya yanashikilia kwamba kombe hili lastahili jina moja la kudumu, jina la Kiswahili, ambalo mdhamini anaweza kuandamana nalo lakini asiweze kulifuta. Aidha, yanashikilia kwamba kazi ya kulitafuta na kulitetea jina hilo ni ya wanafunzi na wahadhiri wa Kiswahili kama ilivyo ya viongozi wa soka.

Yamkini msomaji atauliza: jina lina uzito gani? Mwanafunzi wa fasihi hapaswi kulisumbukia swali hilo kwa muda mrefu. Katika uhakiki wa riwaya na tamthilia, majazi ni miongoni mwa mbinu zinazofunzwa mapema kabisa. Shaaban Robert alipomwita waziri Majivuno na mshtakiwa Karama katika Kusadikika, hakuwa akiokota majina njiani. Jina lilibeba hulka, na msomaji akaikumbuka hulka kwa sababu ya jina. Soka nayo ina majazi yake. Gor Mahia ni jina la mganga mashuhuri katika masimulizi ya Waluo, aliyesifika kwa miujiza. Anayeijua asili hiyo huelewa kwa nini mashabiki huitarajia timu yao ifanye yasiyowezekana. Jina la mdhamini, kinyume chake, halibebi hulka yoyote ya mashindano. Haliambii mtu kwamba hapa mdogo anaweza kumwangusha mkubwa. Linamwambia tu nani amelipa msimu huu.

Ushahidi bora zaidi kwamba umma wa Kenya unaweza kuyapa mashindano jina la Kiswahili likadumu ni pambano la Gor Mahia na AFC Leopards lenyewe. Pambano hilo linaitwa Dabi ya Mashemeji. Jina hili linatokana na ujirani wa Waluo na Waluhya, jamii ambazo zimeoana tangu jadi, na ambazo ndizo chimbuko la klabu hizo mbili. AFC Leopards yenyewe ilianza mwaka 1964 ikiitwa Abaluhya. Katika neno moja, mashemeji, mna utani, ushindani na onyo: mnapigana uwanjani, lakini mtakutana tena kwenye mahari na matanga. Wadhamini wa ligi na wa makombe wamekuja na kuondoka, nalo jina la Mashemeji limebaki. Hata fainali ya Julai 2021 katika uwanja wa Nyayo, ijapokuwa rekodi zinaiweka chini ya jina la kampuni ya kamari, mashabiki wanaikumbuka kama fainali ya Mashemeji.

Uwanja huohuo wa Nyayo, ulio hatua chache kutoka katikati ya jiji, una somo jingine. Ulifunguliwa mwaka 1983 na kupewa jina lililotokana na kaulimbiu ya Rais Daniel arap Moi ya kufuata nyayo za mtangulizi wake. Mwaka 2009 kampuni ya Coca-Cola ilinunua haki ya kuuita uwanja huo kwa jina lake kwa muda wa miaka mitatu. Makubaliano hayo hayakumaliza mwaka. Yalivunjika kwa sababu ya mvutano juu ya kubaki au kuondolewa kwa neno Nyayo. Mtu anaweza kuikosoa siasa iliyolizaa neno hilo, na wengi wameikosoa. Lakini neno lenyewe ni la Kiswahili, lina maana kwa kila abiria anayepita hapo akielekea Lang'ata au Mombasa, na limeishi kumpita aliyelitunga. Moi Golden Cup, lililobeba jina la kiongozi yuleyule kwa Kiingereza, halikuwa na mizizi ya namna hiyo. Madaraka yalipohama, jina nalo likahama.

Hasara ya kukosa jina ni kubwa kuliko inavyodhaniwa. Ya kwanza ni hasara ya kumbukumbu. Mwaka 1986 Gor Mahia ilishinda kombe hili, na ushindi huo ndio uliyoifungulia mlango wa Kombe la Washindi barani Afrika mwaka 1987. Ilifika fainali, ikatoka sare ya 2-2 na Espérance jijini Tunis, kisha ikatoka sare ya 1-1 katika uwanja wa Kasarani mwezi Desemba, na kulitwaa taji kwa faida ya mabao ya ugenini. Miaka 38 baadaye Nairobi United ilipita mlango uleule, kwa kombe lilelile, ikaing'oa timu nyingine ya Tunisia. Hiki ni kisa kimoja chenye sura mbili. Lakini kijana wa Kangemi anayesoma kwamba Gor Mahia ilishinda Moi Golden Cup na Nairobi United ikashinda Mozzart Bet Cup atajuaje kwamba anasoma kisa kimoja? Kila jina jipya hukata uzi, na historia ya kombe inabaki vipande visivyounganika.

Hasara ya pili ni ya kimaadili. Kuanzia mwaka 2018, kampuni tatu zilizoliazima kombe jina, yaani SportPesa, Betway na Mozzart Bet, zote ni za kamari. Katika mitaa ya magharibi mwa Nairobi, kuanzia Kawangware na Dagoretti hadi Kangemi, vijana wanaocheza kwenye viwanja vya vumbi huota kufika siku moja katika fainali ya taifa. Haifai ndoto hiyo itamkwe kwa jina la mahali pa kuwekea dau. Mtoto wa miaka kumi hawezi kulitaja kombe la nchi yake bila kuitangaza kamari, hata kama wazazi na walimu wake wanamkataza kamari hiyo. Fedha za mdhamini zinaweza kukubaliwa au kukataliwa kwa hoja mbalimbali. Kuukabidhi ulimi wa mtoto ni jambo jingine kabisa.

Hasara ya tatu ni ya kutegemea nguzo isiyo imara. Bandari ilitwaa SportPesa Shield mwanzoni mwa Juni 2019. Mwezi uliofuata serikali ilikataa kuhuisha leseni za kampuni kadhaa za kamari, SportPesa ikiwemo, na Agosti kampuni hiyo ikatangaza kusitisha udhamini wake wa michezo. Ngao iliyokuwa imeshinda bado ilikuwa kabatini Mombasa, lakini jina lake lilikwisha kufa. Kombe lenye jina lake lenyewe lingepoteza fedha tu. Hili lilipoteza fedha na utambulisho kwa pamoja.

Wapo watakaosema kwamba bila fedha za wadhamini hapana kombe, na kwamba wapiga ngoma ndio wachagua wimbo. Hoja hii ina ukweli, na haifai kupuuzwa. Waamuzi hulipwa, timu husafiri kutoka Kakamega na Mombasa, na viwanja hukodishwa. Lakini udhamini na ubatizo ni mambo mawili tofauti. Nchini Uingereza kombe la FA, lililoanza msimu wa 1871-72, limetanguliwa na jina la Emirates tangu mwaka 2015, na bado kila mtu analiita kwa jina lake la kale. Nchini humohumo Kombe la Ligi limekuwa likivua na kuvaa: limeitwa la Milk, la Coca-Cola, la Carling, na sasa la Carabao. Mashabiki wa Uingereza hawayachanganyi makombe hayo mawili kwa heshima. Lile lililohifadhi jina lake ndilo linalobeba uzito mkubwa zaidi wa kihistoria.

Karibu zaidi na nyumbani, Zanzibar imekuwa na Kombe la Mapinduzi tangu mwaka 2007, na Tanzania Bara ina Ngao ya Jamii inayofungua msimu. Ni kweli kwamba kombe la mtoano la Tanzania limebeba jina la Azam, kisha la benki ya CRDB. Kwa hiyo jirani hana kinga kamili dhidi ya maradhi haya. Lakini watangazaji na mashabiki wake wana jina la Kiswahili la kurejelea, Kombe la Shirikisho, na hawapotei mdhamini anapobadilika. Vilevile pambano la Simba na Yanga ni Dabi ya Kariakoo, kwa jina la mtaa wa Dar es Salaam unaojulikana na kila mtu.

Kenya haina uhaba wa maneno. Tangu enzi za Sauti ya Kenya, watangazaji kama Leonard Mambo Mbotela, aliyefariki Februari 2025, waliifikisha kandanda kwa wasikilizaji kwa Kiswahili fasaha. Kurasa za michezo za Taifa Leo zimeikuza rejista pana ya soka, na msomaji wa kawaida hahitaji kamusi kuelewa kipute, mtoano, dimba au robo fainali. Katiba ya mwaka 2010, katika kifungu cha 7, imekitaja Kiswahili kuwa lugha ya taifa na pia mojawapo ya lugha rasmi mbili. Kinachokosekana ni mtu wa kuyapeleka maneno hayo mahali ambapo majina hutolewa.

Pendekezo mojawapo ni Ngao ya Kenya. Ngao imo katika bendera ya taifa, na mashindano haya yenyewe yaliitwa kwa neno hilo, ingawa kwa Kiingereza, wakati wa GOtv na SportPesa. Jina hilo si la kiongozi, si la kabila, si la kampuni, na ni fupi kiasi cha kuimbwa jukwaani. Mdhamini angeweza kuandikwa baada yake: Ngao ya Kenya kwa udhamini wa fulani. Akiondoka, sehemu ya mwisho ndiyo ingefutwa, na washindi wa miaka yote wangebaki katika orodha moja. Huenda pakapatikana jina bora kuliko hilo. La muhimu ni vigezo: liwe la Kiswahili, lieleweke, liwe la wote, na lilindwe na kifungu katika kila mkataba wa udhamini.

Vyama vya Kiswahili vyuoni vimezoea kulalamikia hadhi ya lugha katika makongamano, mbele ya watu wanaokipenda Kiswahili tayari. Uwanja wa mpira una watu wengi zaidi, na wengi wao hawatawahi kuhudhuria kongamano. Barua moja yenye hoja kwa shirikisho la soka, orodha ya majina yanayopendekezwa, mashauriano na vyama vya mashabiki na wanahabari wa michezo: haya yako ndani ya uwezo wa chama chochote cha wanafunzi kilicho na katibu na karatasi. Jina jema hung'ara gizani, walisema wahenga. Kombe la taifa limekaa gizani kwa muda wa kutosha, na kila msimu unaomalizika bila jina huwaongezea watafiti wa kesho kipande kingine cha kuunganisha.