AMRI YA MUDA ISIYO NA MUDA

Tangu mwaka 1989 kina mama wa Paje na Jambiani hupanda mwani kwa kamba na vijiti. Mwani hukomaa kwa wiki 6 hivi. Ukiachwa, mawimbi huukata. Basi na tuulize: wanachama wa ushirika wakishindana nani kiongozi halali kwa sheria, shauri likafika Mahkama Kuu, ikatolewa amri ya muda ya kufunga ghala na fedha za benki mpaka kesi iishe, ni mavuno mangapi yatakayopotea?

Aliyedhulumika atabaki kumrudia jaji yule yule. Sheria Na. 25 ya mwaka 2002 imeziba njia ya juu: amri ya Mahkama Kuu isiyomaliza kesi haikatiwi rufaa mbele ya Mahkama ya Rufani. Twaambiwa ni kuwazuia wenye hila wasicheleweshe kesi. Hila twazijua, wala hatuzitetei. Lakini ni nani mcheleweshaji kuliko yule aliyekwisha pata amri yake, akakaa kitako akiomba tarehe baada ya tarehe? Kwake yeye amri ya muda ndiyo hukumu.

Ngoja ngoja huumiza matumbo. Twadai mawili: kila amri ya namna hii iandikiwe siku yake ya mwisho, na pale inapofunga riziki ya wanachama, rufaa iruhusiwe na isikilizwe upesi. Serikali ikikataa, na itwambie: yalinda ushirika, au yalinda wagomvi?