Dashi ya Pakiti si Udanganyifu

Darasani Kyoto tulikuwa sita, tumejifunga aproni jikoni kwa mama mmoja wa makamo. Tulishakunja tamagoyaki, mayai yanayokaangwa tabaka kwa tabaka. Kwa supu ya miso, mwalimu alitufundisha kutengeneza dashi kwa kombu, ule mwani mkavu, na vipande vyembamba vya jodari mkavu. Kisha akatoa kabatini kipakiti cha dashi ya unga. "Siku za kazi natumia hii," alisema akicheka.

Mtalii mwenzangu akaninong'oneza kwamba tumepunjwa: yeye amelipia mapishi halisi.

Halisi kwa nani? Mwaka 1908 mkemia Ikeda Kikunae wa Tokyo alitambua kinachoipa kombu ladha yake, akaiita umami. Mwaka uliofuata kiungo hicho kilikuwa kikiuzwa. Unga nao ni Japani, na kiungo hicho cha umami kina zaidi ya miaka 100. UNESCO iliitambua washoku kuwa urithi mwaka 2013, lakini urithi haumsaidii mtu aliyetoka kazini saa 2 usiku.

Nami sina usafi wa kumcheka mtalii yule. Nimewahi kumkejeli mama yangu kwa pilau ya viungo vya pakiti, ilhali amerudi kazini amechoka na bado akatulisha. Tunaposifu "chakula halisi cha nyumbani", mara nyingi tunadai mwanamke fulani atwange, achemshe na achuje ili sisi turidhike.

Anayetaka dashi ya saa nzima kila siku, aipike mwenyewe.